Neno "Mpaka" katika Mikataba ya Nchi

Mfasiri wa Kiswahili akutanaye na mkataba uhusuo ardhi ya nchi mbili huona upesi kwamba neno mpaka limetwishwa mzigo mkubwa. Kwa neno hilo moja twataja mstari uliochorwa kwenye karatasi, jiwe lililosimikwa porini, ukanda wanamoishi watu wa pande zote mbili, na hata ukomo wa haki fulani baharini. Katika mazungumzo ya kawaida hapana madhara. Katika sheria madhara yapo, na historia ya sehemu zetu hizi inayaonyesha.

Tuanze na neno eneo. Limetokana na kitenzi kuenea, na asili hiyo yafanana na jinsi mamlaka yalivyokuwa kabla ya mikataba ya Wazungu. Mamlaka yalianzia mahali, yaani mji, boma, au makao ya jumbe au liwali, yakaenea kwa kadiri watu walivyotii, walivyolipa ushuru, au walivyoogopa. Kila ulipozidi kwenda mbali na kitovu ndivyo yalivyofifia. Seyyid Barghash wa Unguja alidai nchi hadi kwenye maziwa makuu, wala dai hilo halikuwa ndoto tupu, kwa maana wafanyabiashara wa Tabora na Ujiji walipeperusha bendera yake. Lakini mwaka 1886 tume ya Uingereza, Ujerumani na Ufaransa ilipopita pwani kuipima milki yake, ilitafuta kitu ambacho mamlaka ya namna hiyo hayakuwa nacho, yaani kingo. Matokeo yake Uingereza na Ujerumani zilikubaliana kumwachia visiwa vyake pamoja na ukanda wa bara wa maili 10 za baharini, kutoka Ghuba ya Tunghi hadi Kipini. Kaskazini ya hapo aliachiwa miji michache tu, kila mmoja na duara lake: Kismayu, Barawa, Merka na Mogadishu maili 10, Warsheikh maili 5. Utawala wa mtu ukapimwa kwa bikari.

Neno himaya nalo lilipata misukosuko. Maana yake ya Kiarabu ni ulinzi, na ndiyo iliyodaiwa na barua ya Kaisari wa Ujerumani ya Februari 1885 iliyoipa himaya kampuni ya Carl Peters. Aliyelindwa ilikuwa kampuni. Wenyeji wa Usagara walipoteza nchi. Leo neno hilohilo twalitumia kwa dola kubwa yoyote itawalayo wengine, na hatuoni ajabu.

Mkataba huo wa 1886 ulichora pia mstari kutoka mdomo wa mto Umba, ukapita Ziwa Jipe, ukazunguka mguu wa kaskazini wa Kilimanjaro, kisha ukanyooka hadi Ziwa Viktoria. Waliouchora walikuwa Ulaya. Tume za kuufuatilia mstari huo ardhini hazikumaliza kazi ila mwanzoni mwa karne ya 20, na wakati huo Wamasai na Wadigo walikuwa wamekwisha gawanywa katika karatasi kwa takriban miaka 20. Hapa pana vitendo viwili ambavyo mfasiri hana budi kuvitenga. Nchi zinapokubaliana kwa maandishi mstari upite wapi, tunapendekeza kuainisha mpaka. Wapimaji wanaposimamisha vigingi na nguzo, tunapendekeza kusimika mpaka. Mpaka waweza kuainishwa na usisimikwe kwa muda mrefu, na ugomvi mwingi hulelewa katika muda huo.

Baada ya uhuru, mistari hiyo iliyochukiwa iligeuzwa ngao. Mjini Cairo, Julai 1964, wakuu wa nchi za Umoja wa Nchi Huru za Afrika waliahidi kuiheshimu mipaka iliyokuwapo nchi zao zilipopata uhuru. Azimio hilo liliwasilishwa na Mwalimu Julius Nyerere. Somalia na Moroko hazikulikubali. Miaka 14 baadaye Tanzania yenyewe ilihitaji ngao hiyo. Magharibi ya Ziwa Viktoria mpaka wake na Uganda ni latitudo ya digrii 1 kusini, mstari usioonekana kwa macho, ilhali mto Kagera uko kusini yake na kila mtu anauona. Novemba 1978 Idi Amin alitangaza kwamba mpaka sasa ni mto. Jibu la vita hiyo twalijua sote.

Ngao hiyohiyo, hata hivyo, hukata pande mbili. Mkataba wa Waingereza na Wajerumani wa Julai 1890 uliupitisha mpaka kwenye ufuko wa mashariki wa Ziwa Nyasa, na Malawi hushikilia hapo. Tanzania hutaja katikati ya maji, kama zilivyoonyesha baadhi ya ramani za zama za udhamini wa Waingereza. Jina lenyewe la ziwa ni sehemu ya dai, na mtumishi wa serikali aandikaye Nyasa au Malawi amekwisha chagua upande hata kama hakukusudia.

Ama kuhusu bahari, hapo ndipo neno mpaka linapopotosha zaidi. Mwaka 1973 Tanzania ilitangaza bahari yake ya kitaifa kuwa maili 50. Wakati huohuo Kenya ilikuwa ikitetea wazo jipya la ukanda wa kiuchumi, ambalo liliingizwa katika Mkataba wa Sheria ya Bahari wa 1982. Sheria ya Tanzania ya 1989 ikarudisha bahari ya kitaifa kwenye maili 12 na kuweka ukanda wa kiuchumi hadi maili 200. Katika maili 12 nchi ina mamlaka kamili, ingawa meli za kigeni zina haki ya kupita kwa amani. Katika ukanda ina haki juu ya samaki, mafuta na madini, lakini haimiliki njia. Kwa hiyo kuandika kwamba "mpaka wa Tanzania uko maili 200 baharini", kama tusomavyo mara kwa mara, ni kosa. Tunapendekeza ukomo wa ukanda, na neno mpaka liachwe kwa mstari utenganishao nchi mbili, kama ule wa Kenya na Somalia uliochorwa na Mahakama ya Kimataifa ya Haki tarehe 12 Oktoba 2021, na ambao Kenya iliukataa.