Makosa yasiyo na dhamana (Tanzania)

Makosa yasiyo na dhamana nchini Tanzania ni yale ambayo sheria inakataza mahakama kumwachia mshtakiwa kwa masharti wakati akisubiri hukumu. Miongoni mwake ni mauaji, uhaini, unyang'anyi wa kutumia silaha na utakatishaji fedha.

Upelelezi ukichelewa, kesi huahirishwa tena na tena na mshtakiwa hubaki mahabusu, ingawa ibara ya 13 ya Katiba inakataza kumtendea kama mkosaji kabla hatia haijathibitika. Mwaka 2020 Mahakama Kuu ilitamka kuwa katazo la dhamana linapingana na Katiba, lakini mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ilitengua uamuzi huo.

Nchini Kenya, tangu Katiba ya 2010, hata mshtakiwa wa mauaji anaweza kupewa dhamana, isipokuwa pakiwa na sababu nzito za kumnyima.