MwanaHalisi: Gazeti la Kinondoni na Miaka ya Kufungiwa

Usiku wa Jumamosi, Januari 5, 2008, watu wenye silaha waliingia katika ofisi za gazeti la MwanaHalisi, Kinondoni, Dar es Salaam. Walimkuta Saed Kubenea, mmiliki wa gazeti, akiwa na mwandishi mkongwe Ndimara Tegambwage. Kubenea alimwagiwa usoni kimiminika kilichosadikiwa kuwa tindikali. Tegambwage alikatwa kichwani kwa panga. Wote walinusurika, na baadaye Kubenea akapelekwa India kwa matibabu ya macho.

Msimu wenyewe ulikuwa wa moto. Septemba 15, 2007, mbunge wa upinzani Dk. Willibrod Slaa alisimama viwanja vya Mwembeyanga, Temeke, akasoma hadharani majina ya watu 11 aliowatuhumu kwa ufisadi. Vijiweni mazungumzo yakawa akaunti ya EPA, zaidi ya Sh bilioni 133 zilizochotwa Benki Kuu, na mkataba wa umeme wa Richmond, ambao Februari 2008 ulimfanya Waziri Mkuu Edward Lowassa ajiuzulu. MwanaHalisi, gazeti la wiki la kampuni ya Hali Halisi Publishers, lilijijengea wasomaji katika habari za aina hiyo. Wakati magazeti mengi yaliridhika kuandika “kigogo mmoja”, lenyewe lilitaja jina.

Mwaka huo haukwisha salama. Oktoba 2008 serikali ililifungia miezi mitatu. Silaha iliyotumika ni Sheria ya Magazeti ya 1976, iliyompa waziri mamlaka ya kuamua kwa maoni yake mwenyewe kwamba gazeti linahatarisha amani. Tangazo likishatoka, gazeti linaondoka mezani. Aliyeonewa atatafuta mahakama baadaye.

“Baadaye” hiyo ndiyo iliyoliumiza MwanaHalisi kuliko panga na tindikali. Juni 2012, Dk. Steven Ulimboka, kiongozi wa madaktari waliogoma, alitekwa usiku na kukutwa amepigwa vibaya katika msitu wa Pande, Mabwepande, pembezoni mwa Kinondoni hiyo hiyo. MwanaHalisi liliifuatilia habari hiyo wiki baada ya wiki. Julai 30 likafungiwa kwa muda usiojulikana, likidaiwa kuandika uchochezi. Mahakama Kuu ilipotamka kwamba amri ile haikuwa halali, ilikuwa Septemba 2015.

Miaka mitatu kwa gazeti la wiki ni mingi mno. Gazeti la namna hii linaishi kwa mzunguko mfupi: mauzo ya wiki hii ndiyo yanayolipa karatasi na kiwanda cha uchapaji wiki ijayo. Muuza magazeti wa Mwenge au Tandika akikosa nakala leo, nafasi yake mezani inachukuliwa na gazeti jingine kesho. Mwenye tangazo la biashara hangoji, na mwandishi ana kodi ya nyumba ya kulipa. Hukumu inaweza kurudisha haki, lakini haimrudishi msambazaji aliyekwisha kuzoea kazi nyingine.

Oktoba 2015 Kubenea alichaguliwa mbunge wa Ubungo kwa tiketi ya CHADEMA. Namheshimu kwa alichokipitia, lakini naamini hapo gazeti lilipoteza kitu. Mmiliki akiwa na kadi ya chama bungeni, msomaji wa upande wa pili anapata sababu ya kuitilia shaka hata habari iliyothibitishwa sawasawa, na wanaotaka kulifungia wanapata urahisi wa kuliita gazeti la upinzani.

Wakalifungia tena. Septemba 2017, siku chache baada ya mbunge wa upinzani Tundu Lissu kupigwa risasi Dodoma, lilipewa miezi 24, safari hii chini ya Sheria ya Huduma za Habari ya 2016. Mwaka 2018 Mahakama Kuu ikaitengua amri hiyo pia, lakini leseni ya kuchapisha haikutoka. Machi 2019 Mahakama ya Afrika Mashariki, Arusha, ikaamua kwamba vifungu kadhaa vya sheria hiyo vinakiuka mkataba wa Jumuiya. Leseni bado haikutoka.

Ilirudi Februari 10, 2022, Waziri wa Habari Nape Nnauye alipoyafungulia magazeti manne kwa pamoja: MwanaHalisi, Mawio, Mseto na Tanzania Daima. Tangu Oktoba 2008, amri tatu zile zilikuwa zimekwisha kulinyang'anya MwanaHalisi zaidi ya miaka saba ya meza za magazeti. Wasomaji wake wa Kinondoni na Temeke walikuwa wamehamia kwenye simu, na jina la gazeti lilikuwa limewafuata huko, kama MwanaHalisi Online.