Sauti Ilifika Mpanda, Sura Haikufika

Kabla ya mwaka 1994 Tanzania Bara haikuwa na kituo cha televisheni. Zanzibar ilikuwa imetutangulia kwa takribani miongo miwili. Ndugu msomaji, hapo ndipo ulipo ugumu wa kutengeneza filamu ya makala kuhusu wanamuziki wetu wa zamani.

Mpanda iliupata muziki wa dansi kwa reli na kwa redio. Reli ya tawi kutoka Kaliua, iliyojengwa na mkoloni kwa ajili ya madini ya risasi, ilituunganisha na Tabora, mji wa Kiko Kids, Tabora Jazz na Nyanyembe Jazz. Redio ilikuwa Radio Tanzania Dar es Salaam, iliyorekodi bendi studioni mwake na kuzirusha nchi nzima. Mtu wa huku, miaka mingi kabla Katavi haijawa mkoa mwaka 2012, alimtambua Mbaraka Mwinshehe au Marijani Rajab mara tu aliposikia sauti; angepishana naye sokoni asingemjua. Mbaraka alifariki kwa ajali ya gari nchini Kenya mwaka 1979, Marijani mwaka 1995. Mwongozaji wa leo anayetaka kusimulia habari zao ana sauti tele na picha chache mno.

Amil Shivji na Rebecca Corey, katika filamu yao Wahenga ya mwaka 2018, walishika njia ninayoiona ya busara: waliwafuata walio hai. Walimfuata John Kitime, mpiga gitaa aliyepitia Tancut Almasi na Kilimanjaro Band, pamoja na wazee wenzake wa zilipendwa. Corey alikwisha kujishughulisha na juhudi za kuziokoa tepu za Radio Tanzania. Kabla yao, Mwingereza Andy Jones alimpiga picha Bi Kidude katika As Old as My Tongue, ya mwaka 2006, miaka saba kabla bibi huyo hajafariki. Wapo wanaonung'unika kwamba mgeni ndiye aliyetuhifadhia bibi yetu. Wana haki ya kunung'unika, ila kamera zetu zilikuwa wapi? Siti binti Saad, aliyerekodi Bombay mwaka 1928, tunaye katika santuri na katika kalamu ya Shaaban Robert. Kidude tunamwona mikono ikiwa juu ya ngoma.

Afisa utamaduni wa halmashauri zetu za Katavi hana sababu ya kumngoja mwongozaji kutoka Dar es Salaam. Simu yake yatosha kumkalisha mzee aliyewahi kupiga muziki na kumuuliza: mlicheza wapi, mlilipwa nini, nani alitunga? Swali hilo la mwisho si la mazungumzo tu. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inautambua utunzi kuwa mali, na wazee wengi hawana karatasi yoyote. Mara nyingi ushahidi pekee umo kichwani mwa yule aliyepiga gitaa la pili.