Terry Wogan

Sir Michael Terence Wogan, anayejulikana zaidi kwa jina la Terry Wogan (Limerick, Ireland, 3 Agosti 1938 – Taplow, Uingereza, 31 Januari 2016), alikuwa mtangazaji wa redio na televisheni. Alijulikana hasa kwa kipindi cha asubuhi cha idhaa ya BBC Radio 2, alichokiendesha kwa awamu mbili: 1972–1984 na 1993–2009. Katika miaka ya mwisho ya awamu ya pili kipindi hicho kilikuwa na wasikilizaji wapatao milioni 8 kwa wiki, na kilisikilizwa kuliko vipindi vyote vya redio nchini Uingereza.

== Maisha ya awali ==
Wogan alizaliwa mjini Limerick, ambako baba yake alikuwa meneja wa duka la vyakula. Alisoma katika shule ya Wajesuiti ya Crescent College. Baba yake alipopandishwa cheo, familia ilihamia Dublin, naye akaendelea na masomo katika Belvedere College, ambayo pia ni ya Wajesuiti. Baada ya shule aliajiriwa kuwa karani wa benki. Aliacha kazi hiyo alipojibu tangazo la gazeti lililotafuta watangazaji wa redio ya taifa ya Ireland. Huko alianza kwa kusoma habari, kisha akahamia vipindi vya muziki na burudani.

Mwaka 1965 alimwoa Helen Joyce, aliyeishi naye hadi kifo chake.

== Awamu ya kwanza ya kipindi cha asubuhi ==
Wogan alianza kutangaza kwa ajili ya BBC mwaka 1966. Mwaka uliofuata, idhaa ya Radio 1 ilipofunguliwa, alikuwa miongoni mwa watangazaji wake wa kwanza. Mwezi Aprili 1972 alikabidhiwa kipindi cha asubuhi cha Radio 2.

Kipindi hicho kilikuwa na muziki, mawaidha ya mazoezi ya viungo kwa wanaotaka kupunguza unene, na mizaha mingi. Tamthilia ya Kimarekani ya ''Dallas'' ilipokuwa ikionyeshwa, Wogan aliikejeli mara kwa mara, na kejeli zake zilisaidia kuifanya ijulikane zaidi.

Miaka hiyo haikuwa rahisi kwa watu wa Ireland waliokuwa wakiishi Uingereza. Mapigano ya Ireland ya Kaskazini yalivuka bahari, na mwezi Novemba 1974 mabomu yaliyotegwa katika baa mbili za Birmingham yaliua watu 21. Chuki dhidi ya Waairishi iliongezeka. Wogan aliendelea kusikika kila siku ya kazi kwa lafudhi ileile ya kwao, katika mamilioni ya nyumba za Waingereza, na wasikilizaji hawakumkimbia.

== Televisheni na kurudi redioni ==
Mwezi Desemba 1984 aliacha kipindi cha asubuhi ili aendeshe ''Wogan'', kipindi cha mahojiano cha BBC1. Kuanzia 1985 kilirushwa moja kwa moja jioni tatu kila wiki. Mwaka 1992 BBC ilikifuta, na nafasi yake ikachukuliwa na tamthilia ya ''Eldorado'', ambayo nayo haikudumu zaidi ya mwaka mmoja.

Mwezi Januari 1993 Wogan alirudi Radio 2 saa zilezile za asubuhi, katika kipindi kilichoitwa ''Wake Up to Wogan''. Awamu hii ya pili ilidumu miaka 17, muda mrefu kuliko ya kwanza.

== Mtindo wa utangazaji ==
Wogan hakutegemea maandishi yaliyotayarishwa. Alisoma barua, na baadaye baruapepe, za wasikilizaji, kisha akaziendeleza kwa mazungumzo ya papo kwa papo. Hivyo sehemu kubwa ya ucheshi wa kipindi ilitoka kwa wasikilizaji wenyewe, wengi wao wakitumia majina ya utani. Waliitwa TOG, kifupi chenye maana ya "wazee wa Terry". Wasomaji wa habari, kama Alan Dedicoat na John Marsh, nao walishirikishwa katika mizaha.

Aliongea kana kwamba anamhutubia mtu mmoja aliyeketi jikoni au ndani ya gari, si umati. Alijidhihaki mwenyewe kabla ya kuwadhihaki wengine.

== Shughuli nyingine ==
* Tangu 1980 aliongoza ''Children in Need'', matangazo ya kila mwaka ya BBC ya kuchangisha fedha za kuwasaidia watoto wenye shida. Mwaka 2015 alishindwa kushiriki kwa sababu ya ugonjwa.
* Alitangaza shindano la nyimbo la Eurovision kwa watazamaji wa Uingereza kwa miaka mingi hadi 2008.
* Aliendesha mchezo wa televisheni wa ''Blankety Blank'' kuanzia 1979 hadi 1983.
* Mwaka 1978 wimbo wake ''The Floral Dance'' ulifika nafasi ya 21 nchini Uingereza.

== Heshima, kustaafu na kifo ==
Mwaka 2005 alitunukiwa nishani ya KBE. Kwa kuwa alichukua pia uraia wa Uingereza, aliruhusiwa kuitwa "Sir".

Aliaga kipindi cha asubuhi tarehe 18 Desemba 2009, kikiwa bado kinaongoza kwa wasikilizaji, akamwachia Chris Evans. Kuanzia 2010 aliendesha kipindi cha Jumapili hadi Novemba 2015. Alifariki kwa saratani akiwa na umri wa miaka 77. Mwaka huohuo wa 2016 jengo la Radio 2 jijini London, lililoitwa Western House, lilipewa jina la Wogan House.