Mira Aliyependwa Beijing
Tulipopelekwa Beijing kusomea reli, miaka ya mwanzo ya sabini, ili tuje kuendesha TAZARA, vijana wa Kichina wa rika letu hawakuniuliza habari za Kilimanjaro. Walitaka kujua kama nimemwona Mira.

Mira ni mwanafunzi mwenye nywele fupi na gitaa katika filamu ya Albania ya mwaka 1967, Ngadhnjim mbi vdekjen, yaani Ushindi juu ya Kifo. Aliyemwigiza ni Edi Luarasi. Waongozaji, Gëzim Erebara na Piro Milkani, walichota kisa cha kweli: Bule Naipi na Persefoni Kokëdhima, wapiganaji vijana walionyongwa na Wajerumani mjini Gjirokastër, Julai 1944.

China iliipokea filamu hiyo mwaka 1969, ikaiwekea sauti za Kichina. Mapinduzi ya Utamaduni yalikuwa yameshafagia picha za sinema karibu zote, zikabaki za nchi rafiki chache. Wenyeji walikuwa na mzaha wao: picha za Vietnam ni ndege na mizinga, za Korea vilio na vicheko, za Albania kukumbatiana. Basi watu walijaa viwanjani usiku, baridi na baridi yake, kuangalia picha ileile waliyokwisha kuikariri. Wasichana walikata nywele kama Mira. Wavulana walisalimiana kwa salamu ya wapiganaji wale, mmoja "Mauti kwa ufashisti", mwenzake "Uhuru kwa umma".

Mimi naona siri ya mvuto huo ilikuwa kwa Edi mwenyewe. Mashujaa wa picha za enzi ile walisimama kama sanamu, ngumi juu. Yeye alikuwa msichana kwanza. Ushujaa ukaja baadaye.

Kwao Albania mambo yalikuwa mengine. Desemba 1972 mumewe, Mihal Luarasi, aliongoza jukwaa la Tamasha la 11 la Nyimbo la redio na televisheni ya taifa. Kiongozi wa nchi, Enver Hoxha, akaona mle sumu ya Magharibi: mavazi, miondoko, muziki wenyewe. Todi Lubonja, mkuu wa redio na televisheni, akang'olewa na kufungwa. Mihal naye akafungwa. Edi akalipia ndoa yake: uigizaji ukakatika angali kijana.

Huko Beijing hatukuambiwa lolote. Mira aliendelea kuwakaidi Wajerumani kwenye pazia, nasi tukimpigia makofi, wala hatukujua kwamba aliyemwigiza amenyamazishwa na serikali yake mwenyewe.