Zohran Mamdani
Zohran Kwame Mamdani (amezaliwa Kampala, Uganda, 1991) ni mwanasiasa wa Marekani wa chama cha Democratic, aliyeingia katika Bunge la jimbo la New York mwaka 2021. Wazazi wake ni msomi Mahmood Mamdani na mwongozaji filamu Mira Nair. Alihamia New York akiwa na miaka 7 na kupata uraia wa Marekani mwaka 2018. Katika kura za mchujo za 2020 alimwangusha mbunge aliyekuwepo, Aravella Simotas, huko Astoria, Queens. Mwaka 2021 aligoma kula kwa siku 15 pamoja na madereva wa teksi waliolemewa na mikopo ya leseni, hadi jiji la New York likakubali kuidhamini. Miswada yake bungeni iliyogeuka sheria ilikuwa michache. Novemba 2025 alichaguliwa kuwa meya wa jiji la New York.