Wahunzi wa Altai: Sehemu ya Kwanza

Mjumbe aliyeleta jibu la Anagui hakurudi kwao.

Jibu lenyewe lilikuwa fupi na la dharau. Anagui, mkuu wa Warouran na bwana wa nyika za Mongolia, aliuliza mtumwa wake mfua chuma amepata wapi ujasiri wa kuposa binti wa mfalme. Aliyetukanwa aliitwa Bumin, kiongozi wa ukoo wa Ashina. Akaamuru mjumbe auawe. Baada ya hapo hakukuwa na la kuzungumza; kilichobaki ni kupima nani ana farasi wengi na nani ana chuma kingi.

Na chuma kilikuwa kwa Bumin.

Tuko katikati ya karne ya 6. Ukitaja Waturuki leo, akili ya msomaji hukimbilia Istanbul. Irudishe mashariki, zaidi ya kilomita 4,000, hadi milima ya Altai, pale Mongolia, Urusi, Kazakhstan na China zinapokutana. Huko ndiko jina la Waturuki lilikoanza kutisha watu. Anatolia hawakuingia kwa wingi hadi baada ya vita vya Manzikert mwaka 1071, miaka mia tano na ushee baada ya kisa hiki.

Kazi ya watu wa Ashina ilikuwa kufua chuma. Walichimba mawe yenye madini, wakayayeyusha kwa mkaa kwenye tanuri, wakavukuta mivukuto kwa zamu. Bonge lililotoka humo lilikuwa bado limejaa takataka; lilishikwa kwa koleo, likawekwa juu ya fuawe, likapigwa nyundo, likarudishwa motoni, likapigwa tena mpaka chuma kibaki peke yake. Hapo ndipo zilipopatikana ncha za mishale, visu, lijamu za farasi, na vibamba vya deraya vilivyoshonwa kimoja juu ya kingine kama magamba ya samaki. Sehemu ya kazi hiyo ilikwenda kwa Warouran, kwa kuwa ndio waliokuwa mabwana. Kwa hiyo Anagui alipomwita Bumin mtumwa wa kufua chuma, alikuwa anamtukana mtu aliyelisha jeshi lake silaha.

Wenyewe walijieleza kwa njia nyingine. Waandishi wa China waliinukuu hadithi ya asili yao: maadui waliwaangamiza wote, akabaki mtoto mmoja wa kiume wa miaka kumi. Askari walimwonea huruma kwa udogo wake, hawakumuua. Walimkata miguu wakamtupa kwenye kinamasi. Mbwa mwitu jike akawa anamletea nyama. Kijana alipokua, mbwa mwitu yule akashika mimba yake. Habari zikamfikia adui, akatuma watu wakammalize kijana, na mbwa mwitu akatorokea kwenye pango katika milima ya kaskazini-magharibi mwa Gaochang, karibu na Turfan ya leo. Akazaa wana kumi. Mmoja ndiye Ashina. Ndiyo maana bendera zao zilibeba kichwa cha dhahabu cha mbwa mwitu juu ya mlingoti.

Wengi huisoma hadithi hii kama ngano ya kulalia watoto. Mimi naisoma kama kumbukumbu ya watu waliowahi kufutwa karibu wote, na waliokataa kuisahau siku hiyo. Mtu wa namna hiyo ukimtukana nasaba, umegusa pabaya.

Lakini tusidanganyike kwamba tusi peke yake ndilo lililoangusha dola. Bumin alikuwa amejiandaa. Watu wake walishaanza kufika mpakani mwa China kununua nyuzi za hariri. Mwaka 545 Yuwen Tai, jenerali aliyeshika hatamu za dola ya Wei ya Magharibi, akamtumia mjumbe, An Nuopantuo, mtu wa asili ya Sogdia, nchi ya wafanyabiashara wa Samarkand na Bukhara. Waturuki walishangilia sana. Dola kubwa ilikuwa imewatambua. Mwaka uliofuata Watiele, kabila jingine la nyika, walijipanga kumvamia Anagui. Bumin akawawahi njiani, akawashinda, na zaidi ya familia 50,000 zikaingia chini yake.

Fikiria hesabu hiyo. Mhunzi alikuwa amemwokoa bwana wake, na papo hapo akawa na watu wengi kuliko bwana alivyodhani. Ndipo akaomba mke. Anagui, ambaye alikwisha kuwaoza binti zake kwa wakuu wa Wei ya Magharibi na ya Mashariki, hakuona tatizo kuwapa Wachina. Kumpa mfua chuma ndiyo aliona aibu.

Mwaka 551 Wei ya Magharibi ikampa Bumin binti wa kifalme aitwaye Changle. Mwanzoni mwa mwaka 552 akawakabili Warouran kaskazini mwa Huaihuang. Jeshi la Anagui likavunjika, na Anagui akajiua. Bumin akajitwalia cheo cha kagani, mkuu wa wakuu wote wa nyika. Hakukifaidi, haukupita mwaka naye akafa.

Mwanawe Muqan ndiye aliyemaliza kazi. Mwaka 555 masalia ya Warouran walikimbilia Wei ya Magharibi kuomba hifadhi. Muqan akadai wakabidhiwe. Yuwen Tai akakubali, na watu zaidi ya 3,000 wakafungwa kamba, wakatolewa nje ya lango la Chang'an, wakakatwa vichwa.

Ila kulikuwa na kundi jingine ambalo mkono wa Waturuki haukulipata. Waavari walikuwa wameshapanda farasi na kushika njia ya magharibi, na mwaka 558 wajumbe wao walisimama mbele ya mfalme wa Warumi huko Konstantinopoli wakiomba ardhi.

HARIRI MOTONI

Upande wa magharibi wa himaya mpya ulikuwa mikononi mwa Istämi, mdogo wake Bumin. Karibu na mwaka 560, akishirikiana na Khosrow I wa Uajemi, aliwasambaratisha Waheftali waliokuwa wakitawala Sogdia na nchi za jirani. Walioshinda wakagawana: mto Amu Darya ukawa mpaka. Kwa miaka michache walikuwa marafiki.

Kilichowakosanisha ni mali. Kaskazini mwa China ilikuwa imegawanyika kati ya dola mbili zilizochukiana, na kila moja ilimbembeleza kagani asije akaegemea upande wa pili. Mojawapo, dola ya Zhou, ilifikia kutoa majora 100,000 ya hariri kwa mwaka. Hariri ikajaa mahemani kuliko miili ya kuivaa. Wasogdia, ambao sasa walikuwa raia wa Istämi, waliona fursa mara moja, kwa maana kununua mashariki na kuuza magharibi ndiyo kazi waliyozaliwa nayo. Soko kubwa lilikuwa kwa Warumi, na njiani kulikuwa na Uajemi.

Msogdia mmoja aitwaye Maniakh akaongoza ujumbe hadi kwa Khosrow. Ombi lilikuwa moja tu: waruhusiwe kuuza hariri yao kwa uhuru katika nchi ya Uajemi.

Khosrow hakusema ndiyo wala hapana. Akawapiga kalenda siku hadi siku. Hakutaka Waturuki wazizoee barabara zake, wala hakutaka faida ya hariri imponyoke. Lakini kuwafukuza wajumbe kulikuwa na gharama. Ndipo akasimama Katulph, Mheftali aliyekuwa amemsaliti mfalme wake mwenyewe kwa sababu mfalme huyo alimnajisi mkewe, na sasa alikuwa mshauri katika baraza la Khosrow. Ushauri wake ulikuwa mkali: hariri isirudishwe. Inunuliwe yote, kwa bei ya haki, kisha ichomwe moto wenye mali wakitazama.

Ikafanyika hivyo. Maniakh na wenzake walilipwa stahili yao, hakuna aliyeweza kulalamika kuwa kaibiwa. Halafu kitambaa kilichovuka majangwa na milima, kilichotoka kwenye mabanda ya wafugaji viwavi wa China, kikarundikwa na kuteketezwa mbele ya macho yao. Hakuna tamko lililohitajika. Mtu akikulipa bei nzuri kisha akaichoma mali yako, amekwambia kwamba yuko tayari kupata hasara ilimradi wewe usipite.

Istämi hakukata tamaa. Akatuma ujumbe wa pili, safari hii wa Waturuki wenyewe, kutafuta urafiki. Khosrow na wakubwa wake, Katulph akiwemo, wakaamua kwamba urafiki na watu wa nyika hauna manufaa. Wajumbe wakatiliwa sumu. Walinusurika watatu au wanne tu. Uajemi ukaeneza uvumi kwamba wageni wamekufa kwa joto na ukavu wa nchi, kwa kuwa walizoea theluji.

Walionusurika wakayarudia maneno hayo hayo nyumbani, lakini Istämi hakudanganyika. Maniakh akaona mlango umefunguka. Akamwendea akamshauri kuwa Uajemi si njia pekee. Warumi ndio wanaotumia hariri kuliko watu wote, basi waendewe moja kwa moja, na yeye mwenyewe yuko tayari kuongoza msafara. Istämi akampa barua, hariri ya zawadi na wenzi wa safari. Wakaelekea magharibi, wakapanda milima ya Kaukasi kupitia theluji na misitu, nyuma yao wakiwa wameacha Waajemi ambao wangetoa chochote kuwakamata.

VIDOLE KUMI

Walifika Konstantinopoli mwaka 568. Mfalme Justin II aliisoma barua kwa msaada wa mkalimani, akawahoji juu ya nchi yao, tawala zao na Waavari waliotoroka. Kisha akawaonyesha jambo ambalo hawakulitegemea: viwavi wa hariri, na namna nyuzi zinavyopatikana kwao. Waturuki walipigwa na butwaa. Mayai ya viwavi yalikuwa yameingizwa kwa siri tangu zama za Justinian, mtangulizi wake. Mali waliyokuja kuiuza ilikuwa imeshaanza kuzalishwa mjini kwa mnunuzi.

Hata hivyo mapatano yalifikiwa, maana adui yao alikuwa mmoja. Mwezi Agosti mwaka 569 Justin alimtuma jenerali Zemarchus kurudi na Maniakh hadi kwa Istämi.

Safari yake ilikuwa ndefu, na nitasimama pale ninapopapenda zaidi. Wageni walipoingia nchi ya Sogdia wakashuka kwenye farasi, Waturuki wakawajia na chuma mkononi, wakiwauzia. Walitaka Warumi waone kwamba migodi wanayo. Miaka 17 ilikuwa imepita tangu kifo cha Anagui, hariri ilikuwa imejaa ghalani, na bado kitu cha kwanza walichotaka mgeni akione ni chuma.

Baadaye wakaja waganga na kengele na ngoma, wakafukiza ubani juu ya mizigo, wakampitisha Zemarchus katikati ya moto ili kumtakasa. Ndipo akafikishwa kwa Istämi. Siku ya kwanza alimkuta ndani ya hema lililopambwa kwa hariri za rangi rangi, ameketi kwenye kiti cha dhahabu chenye magurudumu mawili, ambacho farasi angeweza kukivuta. Siku nyingine alimkuta juu ya kitanda cha dhahabu kilichobebwa na tausi wanne wa dhahabu. Walipofika mahali paitwapo Talas akatokea mjumbe wa Uajemi pia. Istämi akawaalika wote wawili mezani, akampa Mrumi nafasi ya heshima zaidi, akaanza kumlaumu Mwajemi hadharani hadi yule mtu akasahau kwamba desturi ya Waturuki ni kukaa kimya wakati wa kula, akapandisha sauti kujibu. Urafiki wa Warumi na Waturuki ukaonekana umekolea.

Maniakh hakuyaona yaliyofuata. Alifariki, na mwanawe, kijana bado, akashika nafasi yake katika ujumbe.

Mwaka 576 Konstantinopoli ikatuma mjumbe mwingine, Valentinus. Alisafiri pamoja na Waturuki 106 waliokuwa wamekusanyika mjini kutokana na misafara ya miaka iliyopita. Alitarajia mapokezi ya Zemarchus: hema la hariri, kiti cha dhahabu, karamu. Alikuwa na maneno matamu ya kukumbushia mapatano na kuomba msaada dhidi ya Uajemi.

Hakujua kwamba Istämi amekwisha kufa, na kwamba msiba haujaisha.

Aliyempokea alikuwa mwana wa marehemu, ambaye waandishi wa Kigiriki walimwita Turxanthus. Alimsikiliza Valentinus hadi akamaliza. Kisha akainua mikono yote miwili na kuingiza vidole vyake kumi kinywani.

Akavitoa, akauliza kama si Warumi hawa wenye ndimi kumi na hila moja. Kwa ulimi mmoja wanamdanganya yeye, kwa ulimi mwingine wanawadanganya watumwa wake. Na watumwa aliowataja walikuwa Waavari, ambao Konstantinopoli ilikuwa imefanya nao mkataba huku ikijiita rafiki wa Waturuki. Akasema anazijua njia ambazo Warumi huwaficha wajumbe wake. Anajua mito ilipo, na anajua watumwa wake walivukia wapi.

Halafu akageuka kwa Valentinus mwenyewe. Bwana wenu ni mwongo, akawaambia, nanyi mmekuja mmebeba uongo wake. Kwa hiyo mtakufa sasa hivi, bila kuchelewa, kwa kuwa uongo ni kitu kigeni kwa Mturuki.

Kambi nzima ilikuwa yake. Mji wa Valentinus ulikuwa mbali, na hakuna aliyejua ni siku gani wangeanza kumtafuta. Mkalimani alipofika mwisho wa sentensi, macho yote yakahamia kwa Mrumi, ambaye alikuwa na nafasi moja tu ya kufungua kinywa.

Itaendelea Jumamosi ijayo.